Antoine na Colette: dogo kahamia ng'ambo ya barabara, kapata wazazi kamkosa binti

Kisa chenyewe ni hiki. Kuna dogo wa miaka 17 anaitwa Antoine Doinel, anaishi peke yake Paris, kampenda binti anaitwa Colette, na badala ya kukaa nae chini waongee kieleweke akaenda kupanga chumba kwenye hoteli inayotazamana na kwao Colette, dirisha kwa dirisha, katikati barabara tu. Wazazi wa Colette wakampokea vizuri mno, karibu chakula, karibu kahawa, jisikie nyumbani, na Colette mwenyewe jioni moja akatoka zake na mwanaume mwingine huku Antoine kabaki sebuleni na baba na mama wanaangalia tivii. Basi. Hiyo ndo Antoine et Colette, filamu fupi ya François Truffaut ya mwaka 1962, kama nusu saa hivi, nyeusi na nyeupe, na watu wengi wakiimaliza wanacheka wanasema dogo kapigwa chini, twende kwenye nyingine.

Mimi nataka tukae hapo hapo kwenye kitendo cha kuhama, maana naona filamu nzima imebebwa na hicho, na tukikichukulia kama kituko cha mapenzi tu tunaacha nyama tunakula mifupa. Ninavyoona mimi huyu dogo alikuwa anatafuta kwao. Binti alikuwepo, alimpenda kweli sikatai, ila ukifuatilia miguu yake inaelekea wapi kila mara utaona inaelekea kwenye meza ya chakula ya watu wengine.

Tuanze na alikotoka maana bila hiyo historia utamuona mjinga tu. Antoine tulishakutana nae miaka mitatu nyuma kwenye filamu nyingine ya Truffaut, Les Quatre Cents Coups ya 1959, alikuwa na miaka kama 13, 14 hivi, mama hakumtaka na hakuficha sana, baba ni wa kambo, mcheshi akiamka vizuri na mkali akiamka vibaya, shuleni mwalimu kamshika shingoni. Akatoroka nyumbani, akaiba taipureta ofisini kwa baba wa kambo, ikashindikana kuuzika, akakamatwa wakati anairudisha (bahati gani hiyo jamani), na yule yule baba akamshika mkono akampeleka polisi mwenyewe. Akaishia kituo cha watoto watukutu, akatoroka tena, akakimbia mpaka baharini, na filamu ikaganda kwenye uso wake anatuangalia. Ndo mwisho. Hatukuambiwa alienda wapi.

Sa hii ya 1962 inaanza kwa kutujibu. Msimuliaji anatueleza haraka haraka kwamba dogo alikamatwa, akarudishwa, baadaye akaachiwa, na sasa anajitegemea. Afu tunamuona asubuhi: redio inamuamsha, anawasha sigara kabla hata hajatoka kitandani, anafungua madirisha, anasimama kwenye baraza anaitazama Place de Clichy huko chini, magari, watu wanawahi kazini. Hakuna anayempigia kelele amka, hakuna anayemuuliza kwanini unavuta sigara. Ana geto lake, mshahara wake, suti na tai yake. Kwa kijana wa umri ule hiyo ilikuwa ndoto, na kumbuka Ufaransa ya wakati ule kisheria ulikuwa hujawa mtu mzima mpaka ufikishe 21, ilikuja kushushwa ikawa 18 mwaka 1974, kwa hiyo huyu kwenye makaratasi ni mtoto ila kwenye maisha ni mtu mzima tayari, anajilipia kila kitu.

Kuna kitu kimoja tu hana kwenye ile asubuhi. Hamna mtu wa kumwambia habari za asubuhi.

Anafanya kazi kiwanda cha santuri cha Philips, na filamu inakaa pale kidogo inatuonyesha jinsi sahani ya santuri inavyobanwa na mashine ikatoka imekamilika. Nimependa sana hicho kipande kwa sababu Antoine anapenda muziki kuliko kitu chochote na kapata kazi inayogusa muziki kwa mikono, sio mwanamuziki, sio mwanafunzi wa muziki, ni mfanyakazi wa kiwanda anayebeba muziki wa watu wengine. Jioni anaenda kwenye matamasha ya vijana, yale ya Jeunesses Musicales, na huko ndo anakaa na watoto wa shule, watoto wa nyumba zenye vitabu. Hilo la tabaka filamu hailisemi kwa mdomo hata mara moja lakini lipo. Colette ni mwanafunzi, ana masomo, ana marafiki, ana sherehe za wikiendi. Antoine ana saa za kazi.

Kukutana kwenyewe ni Salle Pleyel, ukumbi mkubwa wa muziki pale Paris, na hapa Truffaut kafanya kazi ambayo ukiitazama mara ya pili ndo unaiona. Orkestra inapiga, hakuna maneno, kamera inaenda kwa Antoine, inaenda kwa yule binti viti kadhaa pembeni, inarudi kwa Antoine, inaenda kwenye miguu ya binti, shingoni, mkono unachezea mkufu, inarudi tena, na makato yanafuata muziki kiasi kwamba unasahau hamna mtu amefungua mdomo. Nafikiri hapa ndo mtego wenyewe ulipo maana sisi watazamaji tunampenda Colette kwa macho ya Antoine kabla hajasema hata neno moja, hatujui jina lake, hatujui anapenda nini, tumempa sifa zote tayari. Yeye kaja kusikiliza muziki tu. Deni Antoine alilifungua mwenyewe kichwani kwake usiku ule na Colette hakuwahi kusaini popote.

Baada ya hapo ni yale ya kawaida. Rafiki yake René anampa moyo, anachelewa chelewa, mwisho anaongea nae, wanakuwa washikaji, wanaazimana vitabu na santuri, wanatembea, wanaongea kweli kweli. René nae ni wa kuangaliwa kidogo hapa. Ni yule yule mwenzake wa 1959, sasa ana kazi soko la hisa, nae kampenda binamu yake, na wakikaa wanakumbushana, filamu inaturudishia kipande kile cha zamani wanavuta sigara kubwa chumbani kwa kina René mara baba mtu huyo anaingia, moshi umejaa. Wengi wanakiona kama kichekesho cha kumbukumbu. Lakini angalia ni chumba cha nani! Antoine alipotoroka kwao alijificha kwa kina René. Yani tangu ana miaka 13 mahali anapojisikia salama ni nyumbani kwa mtu mwingine, kwa siri, au kwa kukaribishwa, lakini kamwe sio kwao. Ukishaliona hilo kuhama kwake hakukushangazi tena.

Kabla ya kuhama kuna barua. Alimuandikia Colette barua ya mapenzi, na jibu likaja la kirafiki, la upole, la mtu anayekujali ila hajakuelewa kwa namna unayotaka ueleweke, au kakuelewa vizuri sana na anakwepesha. Hapa mtu mzima angesoma akakunja karatasi akalala nayo moyoni, kesho akaendelea na maisha. Dogo yeye kasoma jibu lile kama mlango ulioachwa wazi. Na wakati huo huo kashaanza kufika kwao, anampelekea kitabu, Colette hayupo, mama anasema ingia bwana, kaa, baba anauliza habari za kazi. Rosy Varte ndo kacheza mama na François Darbon kacheza baba na wote wawili wana ile hali ya watu wasio na makuu, wanaokuuliza swali na kusubiri jibu. Na baba huyo ni wa kambo. Hilo jambo ukilikosa umekosa mengi, maana Antoine nae kalelewa na baba wa kambo, huyo wa taipureta na polisi, sa kafika nyumba ambayo baba wa kambo na mtoto wa mke wake wanaishi kwa amani, wanataniana, wanakula pamoja. Hapo dogo kaona nyumba yake mwenyewe ilivyotakiwa kuwa.

Ndipo akahama. Akabeba vitu vyake, vitabu na santuri, akahamia hoteli ya ng'ambo, mtaa mwembamba tu upande wa Batignolles huko huko Paris, ambako akifungua dirisha anaona dirisha la kina Colette. Wazazi wakashangaa kidogo afu wakafurahi. Colette hakufurahi kwa kiwango kile, hakukasirika pia, ni kama mtu aliyeletewa zawadi hakuiomba na sasa lazima atafute pa kuiweka.

Nakaa hapa kwa muda kidogo maana najua mtu wa leo akitazama anasema huyu ni mfuatiliaji, huyu anatisha, kuhama nyumba umfuate mtu ni kumuwinda. Siwezi kulikataa hilo moja kwa moja. Colette hakuulizwa. Kuanzia siku ile akitoka nyumbani kuna macho juu, akirudi usiku na mtu kuna macho juu, na hata kama macho yenyewe hayana nia mbaya bado ni macho. Kinachofanya filamu isiwe ya kutisha ni wazazi, wao ndo wamemkaribisha, wao ndo wanamuita kwa ishara dirishani, na kwa kufanya hivyo wamegeuza kitendo cha kijana mmoja mwenye mawazo kuwa jambo la ujirani. Lakini ukifikiria kwa upande wa Colette ni kibaya zaidi, kwa sababu sasa akimkataa Antoine hamkatai Antoine peke yake, anakatisha ratiba ya chakula ya nyumba nzima, mama atauliza kwanini Antoine haji, baba atasema kijana mzuri yule. Hana pa kulalamikia. Kwetu huku ukishakubalika na mama mkwe unahesabu nusu ya kazi imeisha, wengine wanaanzia huko huko ukweni kabla hata binti hajajua jina lao, na kuna mahali inafanya kazi. Kwa Colette ilimmaliza Antoine kabisa. Msichana wa miaka 17 anayetaka kujua yeye ni nani nje ya nyumba ya wazazi hawezi kumchagua mtu ambaye wazazi wamemchagua tayari na anakula nao supu.

Na hili ndo linanifanya niseme filamu ni ya wawili japo msimuliaji anamfuata mmoja. Wote wawili wanajitafuta, ila wanapishana njiani. Colette yuko ndani anataka kutoka, Antoine yuko nje anataka kuingia. Kila hatua anayopiga Antoine kuelekea kwa Colette inampeleka ndani zaidi ya nyumba ambayo Colette anaitoroka. Wangeweza kuwa na nia safi wote wawili kama malaika na bado isingewezekana. Kuna utamu fulani pia kujua kwamba waigizaji wenyewe, Jean-Pierre Léaud na Marie-France Pisier, wote walizaliwa Mei 1944, yani wanacheza umri wao hasa, na kwa Pisier hii ndo ilikuwa filamu yake ya kwanza. Unaiona kwenye uso wake, hajifunzi kuwa mbaya, hajifunzi kuwa mtamu, anajibu tu kama msichana mwenye mambo mengine ya kufanya.

Kwenye ukumbi wa sinema ndo mambo yanaharibika waziwazi. Wamekaa, picha inaendelea mbele, Antoine anajaribu kumbusu kwa nguvu fulani ya mtu aliyejiahidi kwamba leo ni leo, Colette anakataa, anamsukuma, dogo ananyanyuka anaondoka. Ukumbi wa Salle Pleyel alimuangalia hakumgusa, kwenye sinema kamgusa hakumuangalia, na mara zote mbili hakumuuliza kitu. Ndo kosa lake kubwa kama tunatafuta kosa. Antoine ni mtu wa vitendo vikubwa, anatoroka, anaiba mashine, anakimbia mpaka bahari, anahama nyumba, anaandika barua, chochote kile ila sio kumkalia mtu mbele na kusema nakupenda je wewe, na kusubiri jibu. Kwake kusubiri jibu ndo kitu cha kuogopwa kuliko vyote, na ukimjua mama yake unaelewa ni kwanini.

Afu ile jioni ya mwisho. Wamekula. Wanne mezani, Antoine kapendeza, wanasubiri kipindi cha muziki kwenye tivii, na kwa wakati ule kuwa na tivii nyumbani sio kila mtu, kwa hiyo jioni yenyewe imeshapangwa kuwa ya familia. Kengele ya mlango inalia. Anaingia kijana mwingine, Albert, mkubwa kidogo, anajiamini, kaja kumchukua Colette watoke. Watu wanatambulishana. Hakuna anayepandisha sauti, hakuna anayelia, ni adabu tupu, habari zako, nzuri, na hiyo adabu ndo inaua. Colette anavaa, anaaga, mlango unafungwa, na sasa kuna watu watatu sebuleni na mmoja hajui mikono aiweke wapi. Baba na mama wanamhurumia, inaonekana, wanaona aibu kwa niaba ya mtoto wao, na wanachoweza kumpa ni kiti. Anakaa. Tivii inaanza.

Swali ambalo wachambuzi wa kisa hiki wanapaswa kubishana nalo ni hili, kwanini hakuondoka? Kwenye sinema aliondoka. Mlango upo, chumba chake kipo ng'ambo, hatua chache tu. Mtu aliyeumizwa na mapenzi anaondoka, anavunja kitu, anatembea usiku kucha. Antoine anakaa na wazazi. Kwangu huo ndo ushahidi mkubwa kuliko wote kwenye faili hili, maana pale pale alipokosa alichosema anakitaka akabaki na alichokuwa anakihitaji, na mwili wake ukachagua kiti kabla kichwa hakijajua. Wapo watakaosema alibaki kwa adabu, asiwaaibishe wenyeji, au alipigwa ganzi. Inawezekana, ila adabu hailingani na dogo tuliyemjua miaka yote.

Sa tukitaka kujua kama hii nadharia yangu inasimama twende kwa Truffaut mwenyewe, kwa sababu kisa kilimtokea. Alipokuwa kijana alimpenda binti aliyemkuta kwenye maonyesho ya filamu ya Cinémathèque, akahamia mtaa wa huyo binti, mbele ya nyumba yao, wazazi wakamzoea, binti akawa na watu wake wengine. Kwenye filamu kabadilisha sinema kuwa muziki, mengine mengi kayaacha yalivyo. Na Truffaut, aliyezaliwa Februari 1932, alikuwa mtoto ambaye baba yake mzazi hakumjua, jina la Truffaut ni la mwanaume aliyemuoa mama yake baadae, miaka yake ya mwanzo alilelewa na bibi, akapitia kituo cha Villejuif kama mtoto mtukutu mwaka 1948, na mtu aliyemsimamia kama baba ni André Bazin, yule mhakiki wa filamu. Baada ya lile penzi kushindikana akajiandikisha jeshini mwishoni mwa 1950, akatoroka, akafungwa, na Bazin tena ndo akahangaika mpaka akatoka. Mwaka 1968, keshakuwa mtu maarufu, akalipa ofisi ya wapelelezi binafsi wamtafutie baba yake mzazi. Mtu wa miaka 36, ana watoto na jina kubwa, bado anatafuta. Kwa hiyo mtu akiniambia kisa cha Antoine ni cha kukataliwa na msichana mimi namuonyesha hiyo risiti.

Kuna suala la urefu pia. Filamu hii haikutengenezwa kusimama peke yake, ilikuwa kipande cha kwanza cha L'Amour à vingt ans, mradi uliokusanya waongozaji watano, wengine ni Renzo Rossellini wa Italia, Shintaro Ishihara wa Japani, Marcel Ophüls kwa Ujerumani na Andrzej Wajda wa Polandi, na vipande vikaunganishwa kwa picha za Henri Cartier-Bresson. Naona ufupi umeisaidia sana. Ingekuwa ya saa mbili Truffaut angelazimika kumpa dogo faraja, rafiki mpya wa kike, safari, kitu. Nusu saa haina nafasi hiyo, jamaa kafika kwenye kiti tivii ikawaka tukafukuzwa ukumbini. Kamera ya Raoul Coutard nayo ni pana, fremu ndefu kwa upana, na upana huo kwenye vyumba vidogo unafanya watu wakae mbalimbali hata wakiwa kwenye kochi moja. Muziki ni wa Georges Delerue na sitasema zaidi maana ukisikia utaelewa.

Ushahidi wa mwisho upo kwenye filamu zilizofuata, maana Truffaut na Léaud walimfuata Antoine mpaka utu uzima. Kwenye Baisers volés ya 1968 dogo katoka jeshini kwa kufukuzwa, anaenda kwa kina Christine, binti anayempenda sasa, Christine hayupo, na anafanya nini? Anakula na wazazi. Halafu barabarani anakutana na Colette, kaolewa na Albert yule yule, wana mtoto mchanga. Domicile conjugal ya 1970 ndo anakiri kwa mdomo wake kwamba yeye huwa anapenda wasichana wenye wazazi wazuri, anapenda wazazi wa watu. Miaka minane baada ya kile kiti. Kama Antoine angekuwa kesi halisi mezani kwa mshauri nasaha sentensi hiyo moja ingetosha kufungulia ukurasa mpya wa faili, ila yeye kaisema kama utani na maisha yakaendelea, ndoa ikaja kuvunjika.

Na ya 1979, L'Amour en fuite. Antoine sasa kaandika riwaya ya maisha yake, Colette kawa wakili, kanunua kitabu, anakisoma, wanakutana kwenye treni. Na Colette anamkamata. Kwenye kitabu Antoine kaandika kwamba ni familia ya Colette ndo ilihamia mbele ya nyumba yake yeye. Kageuza! Miaka 17 baadae jamaa bado hawezi kukubali kwamba ndiye aliyebeba santuri zake akavuka barabara, kwenye toleo lake wao ndo walimfuata, familia nzima, baba mama na binti, wakaja kumtafuta alipo. Nikifika kipande hicho huwa nacheka na kuumia kwa pamoja kwa sababu uongo huo ni mkweli kuliko barua zake zote, umeeleza hasa alichotaka tangu ana miaka 13, kwamba siku moja nyumba ihamie kwake badala ya yeye kuomba kiti kwenye nyumba.

Colette hamuachii. Anamwambia umebadilisha. Na sio ajali kwamba safari hii binti amepewa nafasi ya kujibu, maana Marie-France Pisier ni mmoja wa walioandika skripti ya filamu hiyo pamoja na Truffaut, Suzanne Schiffman na Jean Aurel. Ile ya 1962 aliangaliwa tu kwenye kiti cha Salle Pleyel, akaandikiwa, akahamiwa, na akaondoka bila kupewa sentensi moja ndefu ya kueleza upande wake. Ilibidi aishike kalamu mwenyewe ndo mtu amwambie Antoine nani alivuka barabara.